Guinea ya Ikweta: uhuru wa bendera, kakao ya manamba

Guinea ya Ikweta ilipata uhuru tarehe 12 Oktoba 1968. Miaka kumi na moja baadaye nchi ilikuwa gofu. Ukiuliza sababu, jibu la kwanza utakalopewa ni jina la mtu: Francisco Macías Nguema, rais wake wa kwanza. Aliua, alifunga, alifukuza, alipiga marufuku kanisa na hata mitumbwi ya wavuvi, na karibu theluthi moja ya wananchi waliuawa au walikimbia. Yote hayo ni kweli, wala hakuna sababu ya kuyapunguza uzito.

Tatizo la jibu hilo ni kwamba linafunga mjadala mapema. Dikteta anaweza kumwaga damu, lakini ili zao lenye tani zaidi ya 35,000 kwa mwaka lishuke hadi chini ya tani 10,000, lazima uchumi wenyewe uwe umejengwa kwa namna ya kuanguka. Mwenye ukatili wa kiwango hicho akiikuta nchi ambayo wakulima wanamiliki mashamba yao na wanavuna kwa mikono yao, atawaumiza sana, lakini mashamba yatabaki na watu. Macías aliikuta nchi ambayo vibarua wake walitoka nchi ya pili, fedha zake zilitoka nchi ya tatu, na waliotakiwa kumzuia kisheria walikuwa na tiketi ya meli mfukoni. Hayo hayakuwa yake. Aliyarithi kwa Hispania.

Turudi nyuma, maana hata mwanzo wa koloni hili ulikuwa wa karatasi. Kwa mikataba ya San Ildefonso (1777) na El Pardo (1778), Ureno iliipa Hispania visiwa vya Fernando Poo na Annobón pamoja na haki ya kufanya biashara kwenye pwani kati ya mito Niger na Ogooué. Mabadilishano hayo yalikuwa sehemu ya kumaliza ugomvi wao wa mipaka huko Amerika Kusini. Hispania ilitaka chanzo chake cha watumwa kwa ajili ya makoloni ya Amerika, imalize kuwanunua kwa mawakala wa mataifa mengine. Msafara wa Conde de Argelejo uling'oa nanga Montevideo Aprili 1778, ukapandisha bendera Fernando Poo tarehe 24 Oktoba, na wiki tatu baadaye mkuu wake akawa amekufa kwa homa. Watu wa Annobón waliwakataa wageni hao waziwazi. Mwaka 1780 askari waliobaki waliasi wakamfunga kamanda wao, na mwaka uliofuata kisiwa kikaachwa. Kwa zaidi ya miaka sitini Hispania ilikuwa na hati ya kumiliki nyumba isiyokuwa na mtu wake ndani.

Aliyeingia humo ni Mwingereza ambaye historia ya Mombasa inamfahamu vizuri. Kapteni William Fitzwilliam Owen ndiye aliyeiweka Mombasa ya Wamazrui chini ya ulinzi wa Uingereza mwaka 1824, bila idhini ya London, akamwacha pale Luteni Reitz, ambaye alifariki mwaka huohuo na jina lake likabaki Port Reitz. London ilipoukataa ulinzi ule mwaka 1826, haikupita muda Owen akapelekwa upande wa pili wa bara. Mwishoni mwa 1827 alianzisha mji wa Clarence kaskazini mwa Fernando Poo, uwe kituo cha manowari zilizokuwa zikikamata meli za watumwa. Mji huo ndio Malabo ya leo. Waliopata makazi pale walikuwa watumwa waliokombolewa baharini, watu wa Sierra Leone na mafundi wa pwani. Kizazi chao kiliitwa Fernandino, na lugha yao, Pichi, iliyojengwa juu ya Kiingereza, inazungumzwa Malabo hadi leo. Hispania iliporudi mwaka 1843 na kuubadili mji jina kuwa Santa Isabel, ilimteua Mwingereza mfanyabiashara, John Beecroft, kuwa gavana wake. Gavana Mhispania, Carlos Chacón, hakufika hadi 1858.

Upande wa bara ulipatikana kwa kubanwa. Hispania ilikuwa ikidai eneo kubwa la ndani, kilomita za mraba kama 300,000 kwa ramani zake yenyewe. Lakini mwaka 1898 ilikuwa imepoteza Cuba, Puerto Rico na Ufilipino katika vita na Marekani, na iliketi Paris na Wafaransa ikiwa imechoka. Mkataba wa 27 Juni 1900 uliiachia kilomita za mraba 26,000, eneo la Río Muni. Mpaka ulichorwa kwa rula: kusini latitudo nyuzi 1 kaskazini ya ikweta, mashariki longitudo nyuzi 9 mashariki ya Paris. Wafang wakajikuta chini ya bendera tatu, ya Wajerumani Kamerun, ya Wafaransa Gabon na ya Wahispania. Río Muni yenyewe haikutawaliwa kikamilifu hadi miaka ya 1920.

Hebu tazama ramani. Kisiwa cha Fernando Poo, Bioko ya leo, kina kilomita za mraba 2,017 na kiko mkabala na Kamerun, takriban kilomita 32 tu kutoka pwani yake. Bata, mji mkuu wa Río Muni, uko mbali zaidi kusini. Annobón, kilomita za mraba 17, iko peke yake kusini ya ikweta, na kati yake na Bioko kuna nchi nyingine nzima, São Tomé na Príncipe. Kisiwani wenyeji ni Wabubi, bara Wafang ndio wengi, na pwani yake wako Wandowe. Sehemu hizi hazikuwa na historia ya pamoja kabla ya afisa wa Kihispania kuziweka kwenye jalada moja.

Sasa tuje kwenye kakao, kwa sababu hapo ndipo uhuru ulipofia.

Mche wa kakao ulivuka kutoka São Tomé katikati ya karne ya 19. Waliofungua mashamba ya kwanza ya maana walikuwa Wafernandino, na baadhi yao, kama Maximiliano Jones, walitajirika hasa. Ardhi ya volkano ya Bioko ni ya kakao kama ilivyoombwa. Hali ya hewa ni jambo lingine. Kisiwa kina mlima wa mita 3,011, na upande wa kusini, kule Ureca, mvua hupita milimita 10,000 kwa mwaka. Unyevu huo unaleta mambo mawili yanayokula nguvu kazi.

La kwanza ni ugonjwa wa kuoza kwa matunda. Tunda la kakao huchukua miezi mitano hadi sita kukomaa, na katika muda huo wote ukungu unaweza kulishika, likaanza doa la kahawia na ndani ya siku chache likawa jeusi lote. Dawa iliyotumika ni mrututu uliochanganywa na chokaa, ukanyunyiziwa kwa bomba la mgongoni, mti kwa mti. Mvua ikinyesha usiku inaosha, kwa hiyo unarudia tena na tena msimu mzima. Ukikosa mrututu msimu mmoja, unapoteza sehemu kubwa ya mavuno. Ukikosa watu wa kubeba bomba, unapoteza hivyohivyo hata ghala likiwa limejaa mrututu.

La pili ni kukausha. Kwenye nchi yenye jua, mbegu zikishachachushwa sandukuni siku tano hadi saba huku zikigeuzwa, zinaanikwa tu juani. Bioko huwezi kutegemea jua. Kila shamba la maana lilikuwa na kaushio: sakafu ndefu iliyoezekwa, chini yake mfereji wa moshi, na mdomoni mwa mfereji tanuri la kuni. Mbegu zinatandazwa juu ya sakafu hiyo ya moto na watu wanazigeuza kwa reki za mbao usiku na mchana. Moto ukizidi, ganda linakauka haraka na ndani kunabaki ukali wa siki. Moto ukipungua, mbegu zinaota ukungu. Mfereji ukiwa na ufa, moshi unapenya na mzigo wote unanuka, bei inashuka bandarini. Na kuni hizo lazima ziwe zimekatwa, zimepasuliwa na kubebwa na mtu.

Piga hesabu. Kilo moja ya kakao kavu hutaka matunda 20 hadi 25. Tani 35,000 ni matunda yasiyopungua milioni 700, kila moja limekatwa kwa panga au mundu wenye mpini mrefu, limepasuliwa, mbegu zimekombwa kwa mkono. Mbegu mbichi hupoteza zaidi ya nusu ya uzito wake zikikauka, maana yake kabla ya tani 35,000 kupakiwa melini, karibu tani 90,000 zilibebwa kutoka shambani hadi kwenye masanduku ya kuchachushia. Wabubi hawakufika 20,000, na idadi yao ilikuwa imeshaharibiwa na maradhi tangu karne ya 19. Isitoshe, walikuwa na mashamba yao wenyewe na hawakuona kwa nini wamlimie mwingine. Waliposukumwa kufanya kazi za lazima, walipigana. Mwaka 1910 damu ilimwagika upande wa San Carlos.

Kwa hiyo koloni likawa la manamba. Msomaji anayekumbuka mashamba ya mkonge ya Tanganyika anajua neno hilo lina uzito gani: mtu anayehesabiwa kwa namba, aliyeletwa kutoka mbali kwa mkataba, anayelala kwenye kambi na kupewa posho ya chakula, akiwa chini ya mnyapara. Fernando Poo walianza kuwaleta kutoka Liberia. Mkataba rasmi ulikuwepo tangu 1914, na mwishoni mwa miaka ya 1920 wakubwa wa Monrovia walikuwa wakiwakamata watu vijijini kwa nguvu na kuwasafirisha kwa malipo ya kila kichwa. Shirikisho la Mataifa liliunda tume mwaka 1930, ripoti ikatoka, na Desemba mwaka huohuo Rais Charles King wa Liberia akajiuzulu. Ni mara chache biashara ya kibarua imemng'oa rais wa nchi, na iliyomng'oa huyu ilikuwa ya kisiwa hiki.

Mlango wa Liberia ulipofungwa, mashamba yakayumba mpaka Uingereza na Hispania zilipofunga mkataba mwaka 1942, wa kuchukua vibarua kutoka mashariki mwa Nigeria. Wakala wa ajira aliwekwa Calabar. Kibarua alisaini mkataba, wengi kwa miaka miwili. Sehemu ya mshahara alipewa kisiwani, na sehemu ilizuiliwa akalipwe akirudi kwao. Kipengele hicho cha mwisho kilihakikisha kwamba mtu anarudi, haoti mizizi. Hadi kufikia uhuru, Waigbo, Waibibio na Waefik walikuwa wengi kisiwani kuliko Wabubi wenyewe, na hawakuwa na kura, hawakuwa na ardhi, wala hawakuwa na sababu ya kubaki siku mambo yatakapoharibika.

Soko nalo lilikuwa la kubebwa. Hispania ilinunua kakao hiyo kwa bei iliyo juu ya bei ya dunia. Kwenye makaratasi wastani wa mapato wa Fernando Poo ulionekana wa kuvutia sana kwa Afrika ya miaka ya 1960, na mpaka leo wapo wanaoutaja kama ushahidi wa ukoloni mwema. Wastani huo ulikuwa unajumlisha faida za makampuni ya Barcelona na Madrid, bei ya kubebwa, na jasho la watu ambao hawakuhesabiwa kama raia. Mwenyeji wa kawaida, hadi 1959, aliishi chini ya Patronato de Indígenas, chombo kilichomlea kisheria kama mtoto: asiuze ardhi, asiiweke rehani, asikope fedha za maana bila kibali. Wachache waliopewa cheti cha kuwa emancipado walitoka kwenye ulezi huo, na cheti chenyewe kilipatikana kwa kuonyesha elimu, kazi na mwenendo unaompendeza Mhispania. Nchi iliyowalea watu wazima kama watoto hadi 1959 ilitarajia wawe na bunge, mahakama na hazina kufikia 1968. Miaka tisa!

Siasa ya uhuru ilikwenda mbio kwa sababu za nje kuliko za ndani. Acacio Mañé na Enrique Nvo, waliotangulia kudai uhuru katika miaka ya 1950, waliuawa. Mwaka 1959 Madrid ilitangaza kwamba hakuna koloni tena, kuna mikoa miwili ya Hispania. Umoja wa Mataifa haukudanganyika. Kamati ya kuondoa ukoloni, ambayo Tanganyika ilikuwa mjumbe wake tangu mwanzo, ilituma ujumbe mwaka 1966, na Baraza Kuu likataka uhuru wa nchi ikiwa moja. Hispania ilikubali kwa sababu moja kubwa: Gibraltar, mwamba wa kusini mwa Hispania unaoshikiliwa na Uingereza. Waziri wa Mambo ya Nje, Fernando María Castiella, alihitaji kura za Waafrika dhidi ya Uingereza, na asingeweza kudai mwamba wa Gibraltar akiwa amekalia Guinea. Mpinzani wake ndani ya serikali ya Franco, dikteta wa Hispania, Admirali Carrero Blanco, alitaka kubakiza mkono kisiwani. Wajumbe wa Guinea walifika Madrid wakakuta serikali mbili ndani ya moja, na kila upande una wagombea wake.

Mkutano wa katiba ulikaa mara mbili, Oktoba na Novemba 1967, kisha Aprili hadi Juni 1968. Hoja ngumu ilikuwa ya Wabubi. Mwaka 1963, kwenye kura ya kuamua utawala wa ndani, kisiwani kura za hapana zilizidi za ndiyo, na sasa wawakilishi wa Wabubi walitaka uhuru wao peke yao. Hofu yao haikuwa chuki ya kikabila kama ilivyoandikwa mara nyingi. Walikuwa watu wachache, ardhi yao ndiyo iliyobeba kakao, na mbele yao walikuwa Wafang waliokuwa wengi mara nyingi zaidi yao. Umoja wa Mataifa ulitaka nchi moja, Hispania ikakubali nchi moja, na hofu ya Wabubi ikafungwa kwa uzi wa katiba.

Uzi huo ulikuwa hivi. Bunge la viti 35: Río Muni 19, Fernando Poo 12, Annobón 2, na visiwa vidogo vya Corisco na Elobey 2. Rais akitoka mkoa mmoja, makamu atoke mkoa mwingine. Kila mkoa uwe na baraza lake na madaraka yake, na juu kuwe na Baraza la Jamhuri lenye wajumbe sawa wa mikoa yote miwili. Ukisoma unaona kazi nzuri ya wanasheria. Ukiuliza nani atazisimamia kanuni hizo siku rais akizikanyaga, unakuta tundu. Majaji wazoefu walikuwa Wahispania. Jeshi lilikuwa Gwadi ya Taifa chini ya maafisa Wahispania, na nyuma yao kikosi cha Gwadi ya Kiraia ya Hispania. Madaktari, walimu wa sekondari, marubani, mafundi wa umeme, watunza hesabu: wengi mno walikuwa Wahispania. Katiba ilitegemea watu ambao hawakuwa raia wa nchi hiyo.

Kura ya maoni ya 11 Agosti 1968 ilipitisha katiba kwa takriban asilimia 63. Duru ya kwanza ya urais, 22 Septemba, haikutoa mshindi. Duru ya pili, 29 Septemba, Macías alipata kura 68,310 na Bonifacio Ondó Edú, aliyekuwa mkuu wa serikali ya ndani tangu 1964, akapata 41,254. Watu walimchagua Macías kwa sababu alizungumza kama wao. Alikuwa meya wa Mongomo na karani wa serikali, na alisema hadharani kwamba Wahispania wanaendelea kuwa wenye nchi. Katika hilo hakukosea. Tarehe 12 Oktoba, siku ambayo Hispania yenyewe husherehekea Columbus kufika Amerika, Waziri Manuel Fraga Iribarne alikabidhi madaraka Santa Isabel.

Kuanzia siku hiyo hadi jamhuri kupasuka ilichukua siku 144.

Hazina ilikuwa na ukata tangu mwanzo. Hapakuwa na benki kuu. Fedha iliyotumika ilikuwa peseta ya Hispania, bajeti ilisubiri Madrid, na kila kuchelewa kulisomwa Santa Isabel kama hila. Vita vya Biafra vilikuwa vimewaka tangu 1967, kule kule walikotoka vibarua. Msalaba Mwekundu ulirusha ndege za misaada kwenda Biafra kutoka kisiwani, na serikali changa ikabanwa kati ya Lagos, iliyochukia ndege hizo, na maelfu ya Waigbo waliokuwa mashambani mwake. Nchi haikuwa na hata wizara ya kazi yenye uzoefu wa kushughulikia jambo hilo.

Februari 1969 Macías alifika Bata akaona bendera za Hispania zimebaki kwenye majengo mengi: ubalozi mdogo, nyumba ya konsuli, kambi. Aliagiza ya nyumbani kwa konsuli iteremshwe. Konsuli akakataa. Ikateremshwa kwa nguvu. Balozi akaambiwa aondoke, Gwadi ya Kiraia ikashika uwanja wa ndege, hali ya hatari ikatangazwa. Kitambaa kimoja juu ya nyumba ya mtu kiligeuka suala la nani mwenye nchi, na kwa kuwa swali hilo halikuwahi kujibiwa Madrid, lilijibiwa barabarani. Tarehe 5 Machi Waziri wa Mambo ya Nje, Atanasio Ndongo, alidaiwa kujaribu kupindua serikali. Aliangushwa kutoka dirishani huko Bata na akafa. Ondó Edú naye alifia mikononi mwa dola mwaka huohuo.

Wahispania walikuwa kama 7,000. Ndani ya wiki chache walibaki mia kadhaa. Fikiria hilo kwa vitendo: kaushio lina mfereji uliopasuka na fundi hayupo, mrututu umeagizwa na aliyesaini hati ya benki ameondoka, mahakama imefungwa kwa kuwa jaji yuko melini, na Gwadi ya Taifa haina ofisa wa kumwambia rais hapana. Sheria ya katiba ilikuwa bado ipo, neno kwa neno. Watu wa kuitekeleza ndio waliokwisha.

Yaliyofuata yalikuja kwa amri. Chama kimoja mwaka 1970. Amri namba 415 ya 7 Mei 1971 iliyokusanya madaraka yote kwa rais. Urais wa maisha Julai 1972. Katiba mpya ya 1973 iliyofuta madaraka ya mikoa, yaani kile kile walichoahidiwa Wabubi. Makamu wa rais aliyetoka kwao, Edmundo Bosío, naye hakusalimika. Kisiwa kikapewa jina la Macías. Na wakati huo Wahispania wa kawaida hawakujua lolote, kwa sababu kuanzia Januari 1971 hadi Oktoba 1976 serikali yao ilizitangaza habari za Guinea kuwa siri ya dola na magazeti yakakatazwa kuziandika. Hili naliona ndilo kosa la Hispania lisilo na udhuru hata mmoja. Makosa ya 1968 yalifanywa kwa haraka. Ukimya wa 1971 ulipangwa mezani, ukatiwa saini, ukadumu zaidi ya miaka mitano huku watu wakiuawa gerezani Black Beach.

Mkataba wa manamba uliendelea kwa muda, ukirekebishwa na Nigeria. Mishahara ikacheleweshwa, vipigo vikaongezeka, waliodai haki wakapigwa risasi. Nigeria ya miaka ya 1970 haikuwa tena koloni la kusainiwa mikataba na wengine. Ilikuwa na mafuta na kazi nyumbani. Kufikia mapema 1976 iliwaondoa raia wake kwa makumi ya maelfu. Msimu uliofuata matunda yaliozea mitini. Jibu la Macías lilikuwa lile lile la Liberia ya 1928: watu wa Río Muni walikamatwa kwa maelfu na kupelekwa kisiwani kulima kwa nguvu, chini ya bunduki. Hawakuijua kazi. Mti wa kakao usiopogolewa na usionyunyiziwa hauhitaji miaka mingi kugeuka pori, na ukivunwa na mtu mwenye njaa anayelazimishwa, mbegu hazichachushwi ipasavyo wala hazikaushwi ipasavyo. Kinachofika bandarini kinakataliwa.

Tarehe 3 Agosti 1979 mpwa wake, Teodoro Obiang Nguema, alimpindua. Kesi ilisikilizwa katika jumba la sinema la Marfil mjini Malabo, na tarehe 29 Septemba Macías alipigwa risasi na askari wa Moroko. Fedha ya nchi, ambayo ilikuwa imepita kwenye peseta ya Guinea na ekuele, ilikuwa haina thamani nje ya mipaka. Ilipoingia kwenye faranga ya CFA mwaka 1985, bipkwele (wingi wa ekuele) nne zilibadilishwa kwa faranga moja. Hispania ikawa imepoteza hata nafasi ya kulinda sarafu ya koloni lake la zamani. Nafasi hiyo ilichukuliwa na Ufaransa. Kakao haikurudi. Mafuta yalipoanza kutoka kwenye eneo la mafuta la Zafiro katikati ya miaka ya 1990, yalitolewa baharini na makampuni ya kigeni yenye wafanyakazi wao, na Obiang angali madarakani.

Karatasi za zamani bado zinafanya kazi. Mwaka 1972 askari wa Gabon walikikalia Mbanié, kisiwa cha hekta kama 30 kilichoko karibu na mdomo wa mto Muni. Mwaka 2003 Gabon ilitoa nakala ya mkataba inaosema Macías na Rais Omar Bongo wa Gabon waliusaini Bata mwaka 1974, unaoipa Gabon kisiwa hicho na viwili vidogo vya jirani, Cocotiers na Conga. Hati halisi haijawahi kuonekana. Kesi ilifika Mahakama ya Kimataifa ya Haki, The Hague, na tarehe 19 Mei 2025 mahakama iliamua kwamba nakala ile haina nguvu ya hati ya kisheria. Mpaka wa nchi kavu unabaki kuwa ule wa rula wa 1900. Mbanié, Cocotiers na Conga ni vya Guinea ya Ikweta, kwa sababu vilikuwa vya Hispania, na Hispania iliviacha kwa mrithi wake tarehe 12 Oktoba 1968. Mpaka wa baharini, mahali ambapo mafuta yanatafutwa, nchi hizo mbili bado zinatakiwa kukaa na kuuchora.